Mwakarobo: Miaka sita ya Simba kupata faida nyumbani na kula hasara ugenini

Usiku wa Jumatano, Aprili 9, 2025, kipa Moussa Camara alisimama katika lango la Uwanja wa Benjamin Mkapa, Dar es Salaam, akiwa amebeba deni ambalo Simba ilikuwa imeshindwa kulilipa kwa miaka sita. Dakika 90 zilikuwa zimekwisha kwa Simba kuifunga Al Masry ya Misri mabao 2-0. Wiki moja nyuma, mjini Suez, Al Masry walikuwa wameshinda kwa idadi hiyo hiyo. Hesabu zilikuwa sawa na kilichobaki kilikuwa mikwaju ya penalti.

Camara, raia wa Guinea, aliokoa mikwaju miwili. Simba wakashinda kwa penalti 4-1 na kuingia nusu fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika.

Kwa asiyefuatilia soka, furaha iliyofuata ingeweza kuonekana kubwa kuliko jambo lenyewe. Nusu fainali si kombe. Lakini klabu hiyo ilikuwa imefika robo fainali ya mashindano ya Shirikisho la Soka Afrika, CAF, mara tano kuanzia 2019, na mara zote tano ilitolewa hapo hapo. Mashabiki wa upande wa pili walikuwa wameshaipa jina: Mwakarobo. Ni utani uliochongwa kwa mfano wa majina ya ukoo ya Mbeya yanayoanza na Mwaka, kana kwamba robo fainali ndiyo ukoo wa Simba na hakuna wa kuitoa humo.

Utani huo uliuma kwa sababu ulikuwa na ukweli. Ukiyafungua matokeo ya robo fainali hizo tano kama mfanyabiashara anavyofungua daftari mwisho wa mwaka, tatizo la Simba linaonekana bila kutafutwa sana. Nyumbani timu ilipata faida. Hasara yote ilitoka safarini.

Majirani wa Kariakoo

Mfanyabiashara wa Lubumbashi, Nakonde, Bujumbura, Lilongwe au Moroni anayekwenda Dar es Salaam kuchukua mzigo, mara nyingi huishia Kariakoo. Huko ndiko yaliko maduka ya jumla ya nguo, vipuri, vyombo na simu, na huko ndiko Mtaa wa Msimbazi unakopita. Makao makuu ya Simba yapo kwenye mtaa huo. Ndiyo maana huitwa Wekundu wa Msimbazi. Watani wao wa jadi, Yanga, wako jirani tu, Jangwani.

Simba ilianzishwa 1936, na kabla ya 1971 ilijulikana kwa jina la Sunderland. Mwaka 1974 ilifika nusu fainali ya Klabu Bingwa Afrika na kutolewa na Mehalla ya Misri kwa penalti. Mwaka 1993 ilifika fainali ya Kombe la CAF. Mechi ya kwanza ilikuwa Abidjan, Ivory Coast, na Simba ikatoka sare ya 0-0 na Stella. Dar es Salaam yote iliamini kazi imekwisha. Katika mechi ya marudiano, Stella wakashinda 2-0 mbele ya wenyeji na kuondoka na kombe.

Baada ya hapo ulifuata ukame mrefu. Ilichukua miaka 32 kwa Simba kurudi kwenye fainali ya Afrika. Katikati yake kulikuwa na usiku mzuri wa hapa na pale, kama 2003 ilipowatoa mabingwa watetezi Zamalek wa Misri kwa penalti, lakini hakuna ulioizaa fainali nyingine.

Mabadiliko yalianza Desemba 2017, wakati Mohammed Dewji aliposhinda zabuni ya kununua hisa za klabu kwa shilingi bilioni 20. Simba ilitawala ligi ya Tanzania kwa misimu minne mfululizo, kuanzia 2017/18 hadi 2020/21. Ikaanza kununua wachezaji kutoka nchi jirani kama duka linavyojaza rafu.

Mtihani wa kwanza wa Afrika ulikuwa Machi 2018 na mpinzani alikuwa Al Masry huyo huyo. Simba ilitoka sare ya 2-2 Dar es Salaam, kisha 0-0 kule Port Said. Haikufungwa mechi yoyote, lakini ilitolewa kwa kanuni ya bao la ugenini. Hilo lilikuwa somo la kwanza, na lingerudi tena.

Lubumbashi, Aprili 2019

Msimu wa 2018/19 ndio ulioifanya Simba iogopwe kwa Mkapa. Iliwatoa Nkana ya Zambia kwa kufungwa 2-1 kule Kitwe na kushinda 3-1 Dar es Salaam, ikaingia hatua ya makundi ya Ligi ya Mabingwa. Humo ilikutana na Al Ahly ya Misri, AS Vita ya Kinshasa na JS Saoura ya Algeria.

Nyumbani ilishinda mechi zote tatu: 3-0 dhidi ya Saoura, 1-0 dhidi ya Al Ahly, na 2-1 dhidi ya Vita kwa bao la dakika za mwisho la Clatous Chama, kiungo kutoka Zambia. Ugenini ilipoteza zote tatu: 5-0 Kinshasa, 5-0 Misri na 2-0 Algeria. Mabao 12 yaliingia lango la Simba safarini bila yenyewe kufunga hata moja. Bado ilivuka ikiwa ya pili kwenye kundi kwa pointi tisa.

Baadaye msemo wa mashabiki, "Kwa Mkapa hatoki mtu," ukashika kasi. Ulikuwa msemo wa kujivunia, lakini ndani yake kulikuwa na kasoro ambayo wachache waliitazama: haukusema lolote kuhusu mechi ya ugenini.

Robo fainali ikaipeleka Simba kwa TP Mazembe. Kwa wanaosafiri njia ya Tunduma, Nakonde na Kasumbalesa, mji wa Lubumbashi si mgeni, na Mazembe wanajulikana. Ni mabingwa wa Afrika mara tano: 1967, 1968, 2009, 2010 na 2015. Katika ubingwa wa 2015 nyota wao alikuwa Mbwana Samatta, kijana wa Dar es Salaam waliyemnunua kutoka Simba mwaka 2011.

Mechi ya kwanza, Dar es Salaam, iliisha 0-0. Wiki iliyofuata Lubumbashi, Mganda Emmanuel Okwi alifunga mapema mno, dakika za mwanzo kabisa. Kwa muda mfupi Simba ilikuwa na bao la ugenini na nusu fainali mkononi. Kisha Mazembe wakafunga manne. Matokeo yakawa 4-1.

Mwaka hadi mwaka

Mei 2021, Simba ilifika robo fainali ikiwa imara zaidi. Iliongoza kundi lake kwa pointi 13, mbele ya Al Ahly, waliokuwa mabingwa watetezi. Iliwafunga Vita 1-0 huko huko Kinshasa, mahali ilipopigwa tano miaka miwili nyuma. Mpinzani wa robo fainali, Kaizer Chiefs ya Afrika Kusini, alionekana wa kumudu.

Johannesburg ikawa 4-0 kwa Chiefs. Wiki moja baadaye Dar es Salaam, nahodha John Bocco alifunga mawili na Chama akaongeza la tatu. Ilikuwa 3-0. Bao moja zaidi lingeipeleka mechi kwenye penalti, lakini halikupatikana.

Mwaka 2022 Simba ilikuwa kwenye Kombe la Shirikisho, baada ya kuondolewa kwenye Ligi ya Mabingwa kwa namna ya aibu: ilishinda 2-0 Botswana dhidi ya Jwaneng Galaxy, kisha ikafungwa 3-1 kwa Mkapa. Kanuni ya bao la ugenini ikaitoa tena. Katika robo fainali iliifunga Orlando Pirates 1-0 Dar es Salaam, ikafungwa 1-0 Soweto, na kupoteza kwa penalti 4-3.

Mwaka 2023 mambo yalijirudia kama yaliyonakiliwa. Simba iliifunga Horoya ya Guinea 7-0 na kuvuka kundi la Ligi ya Mabingwa. Robo fainali ilikuwa dhidi ya Wydad ya Morocco, mabingwa watetezi. Mkongomani Jean Baleke alifunga bao pekee Dar es Salaam. Casablanca, Wydad wakashinda 1-0. Penalti zikaamua: 4-3 kwa Wydad. Idadi ile ile ya Soweto.

Oktoba mwaka huo huo, Simba ilicheza na Al Ahly katika robo fainali ya mashindano mapya, Ligi ya Soka ya Afrika, yaliyofunguliwa Dar es Salaam. Sare ya 2-2 nyumbani, sare ya 1-1 Cairo. Safari hii haikufungwa ugenini, lakini mabao mawili iliyoyaruhusu nyumbani yaliitoa. Miezi michache baadaye, Machi na Aprili 2024, ilikutana na Al Ahly hao hao kwenye robo fainali ya Ligi ya Mabingwa na kupoteza mechi zote mbili, 1-0 na 2-0.

Msimu huo Yanga nayo ilikuwa robo fainali na ikatolewa na Mamelodi Sundowns kwa penalti baada ya sare mbili za 0-0. Kwa wiki hiyo moja, Kariakoo haikuwa na wa kumcheka mwenzake.

Daftari la mechi kumi

Ukiweka kando mashindano yale mapya na kuhesabu robo fainali tano za Ligi ya Mabingwa na Kombe la Shirikisho kati ya 2019 na 2024, unapata mechi kumi, tano nyumbani na tano ugenini.

Nyumbani: Simba ilishinda tatu, sare moja, ikapoteza moja. Ilifunga mabao matano, ikafungwa moja tu.

Ugenini: ilipoteza zote tano. Ilifunga bao moja, lile la Okwi, na ikafungwa 12.

Hakuna biashara inayodumu kwa daftari la namna hiyo. Mwenye duka anaweza kuuza vizuri kila siku kariakoo ya kwao, lakini kama kila lori linalovuka mpaka linarudi na hasara, mwisho wa mwaka mtaji umekwisha. Simba haikukosa nguvu. Ilikosa namna ya kulinda mzigo ukiwa njiani. Sare moja tu ya 0-0 Soweto, au nyingine Casablanca, ingeiondoa kwenye robo fainali mapema.

Ni haki pia kusema kwamba ilikutana na wakubwa. Chiefs waliotoka kuifunga walifika fainali ya 2021. Pirates walifika fainali ya 2022. Wydad walifika fainali ya 2023. Al Ahly wakachukua ubingwa wa 2024. Kati ya timu tano zilizoitoa Simba, ni Mazembe peke yao ambao hawakufika mechi ya mwisho.

Lakini ipo sababu nyingine ambayo haikuzungumzwa sana vijiweni. Kwa utaratibu wa CAF, timu iliyoongoza kundi humalizia robo fainali nyumbani. Simba ilimaliza ya pili kwenye kundi mwaka 2019, 2022, 2023 na 2024. Mara zote nne ilianzia Dar es Salaam na kumalizia ugenini, ikiwa na faida ya bao moja au isiyo na chochote, mbele ya mashabiki wa watu. Mara mbili ilizomaliza kwa penalti, penalti hizo zilipigwa kwenye lango la mwenyeji.

Mwaka 2021 pekee ndipo ilipoongoza kundi na kumalizia nyumbani. Ndiyo mara pekee iliyofunga matatu, na ikabaki bao moja.

Walichofanya Gor Mahia

Ukanda huu una mfano wa zamani unaoeleza jambo hilo vizuri. Desemba 1987, Gor Mahia ya Kenya ilichukua Kombe la Washindi Afrika kwa kuitoa Espérance ya Tunisia. Haikuifunga Espérance hata mara moja. Ilitoka sare ya 2-2 Tunis, kisha sare ya 1-1 Nairobi. Mabao mawili ya Tunis yalikuwa mazito kuliko moja la Espérance kule Nairobi, na kombe likabaki Kenya. Hakuna klabu nyingine ya Kenya iliyowahi kuchukua kombe la Afrika.

Yanga walipata upande wa pili wa kanuni hiyo hiyo. Katika fainali ya Kombe la Shirikisho 2023 walifungwa 2-1 nyumbani na USM Alger. Wakaenda Algiers na kushinda 1-0, jambo ambalo timu chache huliweza. Jumla ikawa 2-2, na kombe likaenda Algeria kwa sababu ya mabao mawili waliyoyaacha yapite Dar es Salaam.

Orodha ya walioishia mlangoni ni ndefu. SC Villa ya Uganda ilifika fainali ya Klabu Bingwa 1991 na ikapoteza kwa Club Africain. Vital'O ya Burundi ilifika fainali ya Kombe la Washindi 1992 na ikapoteza kwa Africa Sports ya Ivory Coast. Kwa hiyo ukame wa Simba haukuwa wa Msimbazi peke yake. Ulikuwa sehemu ya ukame wa ukanda mzima.

Mabao yenye pasipoti

Jambo moja Simba ililifanya mapema kuliko taasisi nyingi zinazozungumzia ujirani mwema: ilifungua mipaka yake. Kwa miaka hiyo sita, mabao yake muhimu yalifungwa na watu waliovuka mpaka kuja kazini. Okwi alitoka Uganda. Meddie Kagere, aliyewafunga Al Ahly 2019, aliichezea Rwanda. Luis Miquissone, aliyewafunga tena 2021, alitoka Msumbiji. Chris Mugalu na Baleke walitoka Kongo. Chama alitoka Zambia, na kwa mashabiki wengi ndiye aliyekuwa sura ya miaka hiyo.

Mfanyabiashara wa mpakani anaijua faida na gharama ya mpango huo. Faida ni kwamba unapata kilicho bora kutoka kila soko. Gharama ni kwamba kila mwaka lazima uanze upya, kwa sababu mzuri akionekana, mwenye fedha nyingi zaidi wa kaskazini humchukua. Miquissone aliondoka kwenda Al Ahly miezi michache baada ya kuwafunga.

Msimu wa 2024/25 Simba ilianza upya karibu kabisa. Kocha alikuwa Fadlu Davids kutoka Afrika Kusini. Kipa Camara alitoka Guinea, kiungo mshambuliaji Jean Charles Ahoua alitoka Ivory Coast, mshambuliaji Steven Mukwala alitoka Uganda, na winga Elie Mpanzu alitoka Kinshasa. Chama alikuwa amehamia Yanga. Mashindano yalikuwa Kombe la Shirikisho, ambalo wengine waliliona hatua ya kurudi nyuma.

Mechi isiyo na mashabiki

Usiku ulioamua msimu huo haukuwa ule wa penalti za Camara. Ulikuwa Januari 19, 2025, na kwa Mkapa hakukuwa na mtu jukwaani.

Desemba iliyotangulia, mechi ya Simba na CS Sfaxien ya Tunisia ilimalizika kwa bao la dakika za mwisho na vurugu, viti vikang'olewa. CAF ikaifungia Simba kucheza mechi moja bila mashabiki. Mechi hiyo ikaangukia siku ya mwisho ya makundi, dhidi ya CS Constantine ya Algeria. Constantine walikuwa na pointi 12. Simba ilikuwa na 10. Timu zote mbili zilikuwa zimeshafuzu. Kilichokuwa mezani ni nani aongoze kundi, yaani nani amalizie robo fainali kwake.

Simba ilishinda 2-0 katika uwanja mtupu. Ikafikisha pointi 13, zile zile za 2021. Kabla ya hapo ilikuwa imeshinda 1-0 Tunisia na kupata sare ya 1-1 Angola. Daftari la ugenini lilikuwa na kitu upande wa mapato.

Aprili 2 mjini Suez, ugonjwa wa zamani ulirudi: 2-0 kwa Al Masry. Kama Simba ingekuwa imemaliza ya pili, hiyo ingekuwa mechi ya marudiano na hadithi ingeishia hapo, kama miaka mingine. Safari hii kulikuwa na mechi ya kurudi nyumbani. Mpanzu alifunga kipindi cha kwanza na Mukwala akaongeza la pili kabla ya mapumziko. Mkongomani na Mganda walirudisha deni la Suez, na Mguinea akamalizia kwa mikono yake.

Al Masry waliokuwa mlangoni 2018 ndio waliokuwa mlangoni tena. Jina la Mwakarobo likakosa mwenyewe.

Kombe lililobaki Berkane

Nusu fainali ilikuwa dhidi ya Stellenbosch ya Afrika Kusini. Uwanja wa Mkapa ulikuwa haupatikani, hivyo Simba ikacheza Uwanja wa Amaan, Zanzibar, na kushinda 1-0 kwa mpira wa adhabu wa Ahoua. Kisha ikaenda Durban na kufanya lile ambalo haikuliweza katika mechi tano za robo fainali ugenini: ikatoka 0-0. Hakuna aliyeandika sana kuhusu mechi hiyo. Haikuwa na bao wala penalti. Lakini ilikuwa sare iliyokuwa ikisubiriwa tangu Lubumbashi, na ndiyo iliyoirudisha Simba fainali baada ya miaka 32.

Fainali ilikuwa dhidi ya RS Berkane ya Morocco. Mei 17, Berkane walifunga mawili ndani ya robo saa ya kwanza, na mechi ikaisha 2-0. Marudiano yalipangwa kwa Mkapa, penye viti 60,000. Mvua na hali ya nyasi vikaifanya CAF ihamishe mechi hadi Amaan, penye nafasi ya watu wapatao 15,000. Ngome iliyojengewa msemo haikuwepo siku iliyohitajika kuliko zote.

Mei 25, Mzambia Joshua Mutale alifunga mapema na Zanzibar ikaamini. Simba ikahitaji moja tu kufika penalti. Kipindi cha pili Yusuf Kagoma alitolewa kwa kadi nyekundu. Mukwala akafunga, lakini bao likakataliwa baada ya mwamuzi kupitia picha za video. Dakika za nyongeza Berkane wakasawazisha. Ilikuwa 1-1, jumla 3-1, na Berkane wakachukua kombe hilo kwa mara ya tatu.

Thamani ya mlango mmoja

Kwa fedha, mlango wa robo fainali una bei inayojulikana. Katika Kombe la Shirikisho msimu huo, anayeishia robo fainali hupata dola 550,000. Anayeishia nusu fainali hupata 750,000. Mshindi wa pili huondoka na dola milioni 1 na bingwa dola milioni 2. Kwa hiyo penalti alizookoa Camara, pamoja na sare ya Durban, zilikaribia kuongeza maradufu mapato ya Simba katika mashindano hayo.

Lakini faida kubwa zaidi haiko kwenye hundi. Kwa miaka sita klabu ilijenga jina lake juu ya uwanja mmoja na kelele za mashabiki wake. Ilipofanikiwa hatimaye, ilifanikiwa kwa kazi isiyo na kelele: ushindi katika uwanja mtupu na sare isiyo na bao katika mji wa watu. Na iliposhindwa mwisho, ilishindwa kwa kosa lile lile la zamani, robo saa moja ya ovyo mjini Berkane.

Mwaka 2027 Kenya, Tanzania na Uganda zitaandaa kwa pamoja Kombe la Mataifa ya Afrika. Mashabiki watavuka Namanga, Mutukula na Sirari wakiwa na bendera badala ya mizigo, na kutakuwa na maneno mengi kuhusu nguvu ya kucheza nyumbani. Daftari la Simba linasema nguvu hiyo ipo na ina thamani. Linasema pia kwamba nyumbani peke yake hapajawahi kutosha. Anayetaka kombe lazima ajue kurudi kutoka safari na angalau alichoondoka nacho.